Ahadi ni deni: Vikosi vya vijijini vilivyoipigania Marekani

WENGI wanapotaja jeshi la Marekani, taswira inayowajia ni ya meli kubwa za kivita, ndege na kambi zilizotapakaa kote duniani. Ni wachache wanaokumbuka kwamba taifa hilo lilizaliwa likiwa halina jeshi lake lenyewe. Waliolipigania mwanzo walikuwa wakulima, wavuvi, maseremala na hata watumwa, walioandikishwa karibu na nyumbani kwao na kuongozwa na watu waliowajua kwa majina.

Vikosi hivyo vya askari wa miguu, vilivyoitwa rejimenti, vilikuwa mali ya koloni, na baadaye mali ya jimbo, kabla ya kuwa mali ya taifa. Kila rejimenti ilisimama juu ya mapatano. Kijana alikubali kuhatarisha maisha yake kwa muda uliotajwa, nao waliomtuma wakaahidi kumpa mshahara, nguo, ardhi au uhuru. Mapatano hayo yalipoheshimiwa, askari hao walistahimili njaa, baridi na risasi. Yalipovunjwa, walifungasha virago wakarudi makwao, na mara nyingine wakawageuzia wakubwa wao mtutu wa bunduki.

Kila mwanamume na bunduki yake

Chanzo cha vikosi hivyo ni koloni la Massachusetts Bay, ambako walowezi Waingereza walianza kumiminika mnamo 1630. Mfalme alikuwa ng'ambo ya bahari ya Atlantiki na hakuwa na askari wa kuwatuma kuwalinda. Mnamo Desemba 13, 1636, baraza kuu la koloni hilo liliamuru vikundi vya ulinzi vya miji viunganishwe kuwa rejimenti tatu: ya Kaskazini, ya Kusini na ya Mashariki. Jeshi la akiba la majimbo ya Marekani, National Guard, huihesabu tarehe hiyo kuwa siku yake ya kuzaliwa, na baadhi ya vikosi vya Massachusetts vingali vinajivunia nasaba hiyo hadi leo.

Wanamgambo wa zama hizo wasichanganywe na makundi haramu yanayoitwa kwa jina hilo siku hizi. Ulinzi ulikuwa wajibu wa kisheria. Mwanamume wa kati ya umri wa miaka 16 na 60 alitakiwa awe na silaha yake na ahudhurie mazoezi siku zilizotengwa. Kombania moja aghalabu ilitoka katika mji mmoja, na askari wenyewe walikuwa na sauti katika kuwachagua maafisa wao.

Ikumbukwe pia kwamba silaha hizo zilielekezwa kwanza kwa wenyeji wa nchi hiyo. Wapequot walivunjwa nguvu katika vita vya 1637, na katika vita vya 1675 na 1676 dhidi ya chifu Metacom, wenyeji wengi wa kusini mwa New England waliuawa, wakauzwa utumwani au wakafukuzwa katika ardhi yao. Ulinzi wa kijiji kimoja ulikuwa maangamizi ya kijiji kingine.

Hata hivyo, mgambo hakufaa kwa safari ndefu. Mkulima hawezi kuliacha shamba lake misimu miwili akatarajia kuikuta familia yake ikiwa na chakula. Kwa hivyo, koloni ilipotaka kupigana mbali na nyumbani, iliunda rejimenti ya muda ya watu waliojitolea. Gavana alimpa mtu mashuhuri hati ya cheo kwa matarajio kwamba angeleta idadi fulani ya askari. Mtu huyo alirudi kwao, ngoma ikapigwa, akawaita jamaa, majirani na vijana waliokuwa wakimfanyia kazi. Aliyetia sahihi alijua kapteni wake ni nani, mshahara ni kiasi gani na siku ya kurudi nyumbani ni lini.

Ushindi uliogeuka matanga

Ubora na udhaifu wa mpango huo ulidhihirika huko Louisbourg mnamo 1745. Hiyo ilikuwa ngome ya Wafaransa katika kisiwa cha Cape Breton, ambacho sasa ni sehemu ya Canada. Askari wapatao 4,000 wa New England, wakiongozwa na mfanyabiashara William Pepperrell na kusaidiwa na meli za kivita za Uingereza, waliizingira hadi ikasalimu amri mwezi Juni. Watu ambao maafisa wa kifalme waliwadharau kama washamba walikuwa wameiangusha ngome iliyosifiwa kuwa miongoni mwa imara zaidi katika bara hilo.

Furaha haikudumu. Askari hao walikuwa wametarajia ngawira, lakini masharti ya kusalimu amri yaliilinda mali ya wakazi. Walitarajia pia kurudi nyumbani kuvuna, lakini wakaambiwa wabaki kulinda ngome hadi kikosi kingine kije. Manung'uniko yalikaribia kuwa maasi, na Gavana William Shirley wa Massachusetts akalazimika kwenda huko kuwatuliza na kuwaongezea mshahara. Majira ya baridi yalipoingia, maradhi yaliwafyeka wapatao 900, idadi iliyozidi kwa mbali ya waliokufa vitani. Kisha, katika mkataba wa amani wa 1748, Uingereza iliirudisha Louisbourg kwa Ufaransa. Wajane wa New England walibaki wakijiuliza waume zao walikufia nini.

Uhasama kati ya askari wa koloni na wa mfalme uliendelea katika vita vilivyoanza 1754 baina ya Uingereza na Ufaransa. Maafisa wa Uingereza waliwaona askari wa koloni kuwa wakaidi, wachafu na wasiojua amri. Kijana George Washington wa Virginia alijiuzulu mwaka huo huo wa 1754 badala ya kukubali kushushwa cheo, kisha akarudi mnamo 1755 kuiongoza rejimenti ya Virginia. Nao askari wa kawaida hawakuelewa ni kwa nini walaumiwe kwa kuondoka baada ya muda wao kwisha. Kwao, aliyevunja mapatano ni yule aliyetaka kuwabakisha kwa nguvu.

Kutoka Lexington hadi mto Delaware

Fikra hiyo ndiyo waliyoingia nayo katika vita vya kupigania uhuru. Alfajiri ya Aprili 19, 1775, wanajeshi wapatao 700 wa Uingereza waliotoka Boston walikuwa wakielekea Concord kuteketeza silaha zilizofichwa. Katika kijiji cha Lexington walimkuta Kapteni John Parker, mkulima aliyekuwa akiugua kifua kikuu, akiwa na wanamgambo wapatao 77. Wanakijiji wanane waliuawa, akiwemo Jonas Parker, binamu yake kapteni. Miongoni mwa majeruhi alikuwa Prince Estabrook, mtumwa mweusi aliyesimama katika safu hiyo pamoja na watu huru.

Habari zilisambaa kwa farasi na kengele za makanisa. Kufikia jioni, wanamgambo wa miji mingi walikuwa wamewaandama Waingereza njia nzima hadi karibu na Boston. Waingereza 73 na wakoloni 49 walikufa siku hiyo. Mgambo alikuwa amefanya kile alichoundwa kukifanya: kuutetea mlango wake.

Kugeuza umati huo kuwa jeshi ilikuwa kazi nyingine. Bunge la makoloni lilimteua Washington kuwa amiri jeshi mnamo Juni 1775. Alikuta kambi yenye maelfu ya watu ambao muda wao ungekwisha kabla ya mwaka mpya. Ilipofika Desemba, askari wengi wa Connecticut waliondoka huku wenzao wakiwazomea. Jenerali huyo alilazimika kuliunda jeshi jipya adui akiwa anamtazama kutoka ng'ambo ya handaki.

Licha ya kasoro hiyo, zipo nyakati ambapo asili ya kikosi ndiyo iliyoliokoa jeshi zima. Rejimenti ya Kanali John Glover ilitoka Marblehead, bandari ya wavuvi ya Massachusetts, na safu zake zilikuwa na mabaharia weupe, weusi na wenyeji wa asili. Washington aliposhindwa vibaya katika kisiwa cha Long Island mnamo Agosti 1776, wavuvi hao walishirikiana na wenzao kuwavusha askari wapatao 9,000 hadi Manhattan kwa usiku mmoja, kimyakimya, adui asijue. Miezi minne baadaye, usiku wa Krismasi, waliwavusha wengine 2,400 katika mto Delaware uliojaa vipande vya barafu. Asubuhi yake waliushambulia mji wa Trenton na kuwateka askari wapatao 900 wa Kijerumani waliokodiwa na Uingereza.

Siku chache baada ya ushindi huo, muda wa rejimenti ya Glover ulikwisha. Washington alikuwa akiwasihi askari wake wabaki wiki sita zaidi kwa malipo ya dola 10, na wengi katika vikosi vingine walikubali. Wavuvi wengi wa Marblehead walirudi kwao. Walikuwa wameitimiza ahadi yao, na baharini kulikuwa na riziki.

Mgao wa majimbo na uhuru wa watumwa

Bunge lilikuwa limekwisha kutambua kwamba vita havitakwisha kwa mikataba ya mwaka mmoja. Mnamo Septemba 1776 liliamua kuwa na batalioni 88, zikigawanywa kwa majimbo kulingana na idadi ya watu: Massachusetts na Virginia 15 kila moja, Pennsylvania 12, Rhode Island mbili, Delaware moja. Aliyejiandikisha hadi mwisho wa vita aliahidiwa dola 20 papo hapo na ekari 100 za ardhi vita vikiisha.

Hapo ndipo sura ya rejimenti ilipoanza kubadilika. Wenye mashamba waliona heri kukaa nyumbani. Miji ilitimiza mgao wake kwa kuwalipa vijana wasio na ardhi, wahamiaji na vibarua waende kwa niaba ya wengine. Uhuru wa wote ukawa mzigo wa maskini.

Rhode Island, iliyokuwa ndogo kuliko majimbo yote na ambayo mji wake wa Newport ulikuwa mikononi mwa Waingereza, ilishindwa kabisa kujaza nafasi zake. Kwa pendekezo la Jenerali James Varnum, baraza lake la kutunga sheria lilipitisha mnamo Februari 1778 kwamba mtumwa yeyote mwenye siha, awe mweusi, chotara au mwenyeji wa asili, angeweza kujiandikisha. Siku ambayo angepokelewa jeshini angekuwa huru daima, na bwana wake angefidiwa kwa thamani isiyozidi pauni 120. Wenye watumwa walipinga vikali, na kufikia Juni mwaka huo mlango huo ulifungwa. Lakini waliokwisha kuingia walikuwa wameingia, na ndio waliokuwa kiini cha rejimenti ya kwanza ya Rhode Island chini ya Kanali Christopher Greene.

Agosti 29, 1778, wakiwa na miezi michache tu ya mazoezi, waliwekwa kwenye boma lililolengwa na askari wa Kijerumani katika mapigano ya Rhode Island. Walishambuliwa mara tatu na mara tatu wakawarudisha nyuma washambuliaji. Mnamo 1781 Ludwig von Closen, afisa aliyekuwa na jeshi la Ufaransa, aliandika kwamba rejimenti ya Rhode Island ndiyo iliyokuwa nadhifu kuliko zote alizoziona katika jeshi la Wamarekani. Mei mwaka huo Kanali Greene aliuawa katika shambulio la kushtukiza karibu na mto Croton, lakini wanaume wake waliendelea hadi Yorktown, ambako jeshi la Uingereza lilisalimu amri mwezi Oktoba.

Tofauti na rejimenti nyingi, hawa hawakuhesabu siku za kurudi nyumbani. Nyumba waliyoitoka ilikuwa ya bwana. Walijiandikisha hadi mwisho wa vita kwa sababu walichoahidiwa kilikuwa kikubwa kuliko mshahara.

Maasi ya Pennsylvania

Mwaka huo wa 1781 ulianza vibaya kwa wengine. Askari wa Pennsylvania walikuwa wamepiga kambi karibu na Morristown, jimbo la New Jersey, wakiwa hawana nguo za kutosha wala chakula. Mshahara wao ulikuwa umechelewa kwa muda mrefu, na noti za bunge zilikuwa zimepoteza thamani kiasi kwamba hata waliolipwa hawakuweza kununua kitu. Isitoshe, hati zao za kujiandikisha zilisema watatumika kwa miaka mitatu au hadi vita viishe. Askari walilisoma neno hilo "au" wakaelewa kwamba miaka mitatu ilikuwa imetimia. Maafisa wao walilisoma wakaelewa kwamba vita havijaisha.

Usiku wa Januari 1, zaidi ya askari 1,000 walichukua silaha na mizinga wakaondoka kambini. Jenerali Anthony Wayne alijaribu kuwazuia akashindwa. Hawakukimbia ovyo: waliunda kamati ya masajenti, wakasafiri kwa nidhamu hadi Princeton na kudai kuzungumza na serikali ya jimbo lao.

Jenerali Henry Clinton wa Uingereza aliona fursa. Aliwatuma wajumbe wa siri kuwaahidi waasi hao msamaha na malipo iwapo wangeuacha upande wa Marekani. Askari hao, waliokuwa wamekaa miezi bila senti, waliwakamata wajumbe hao na kuwakabidhi, nao wakanyongwa kama majasusi. Walipopewa zawadi ya pesa kwa uaminifu huo, masajenti waliikataa. Walichokidai ni haki yao ya mkataba, na hawakutaka kuonekana wamejiuza.

Joseph Reed, kiongozi wa serikali ya Pennsylvania, alikubali kwamba aliyepokea dola 20 za mwanzo na kutumikia miaka mitatu aachiliwe. Takriban nusu ya askari hao walikwenda zao, na wengi miongoni mwao walijiandikisha upya baadaye. Siku chache baada ya hapo askari wa New Jersey walijaribu njia hiyo hiyo, lakini Washington hakutaka mazoea hayo yaenee. Walizingirwa, na viongozi wao wawili wakapigwa risasi na wenzao walioamriwa kufanya hivyo.

Malipo ya karatasi

Vita vilipokwisha mnamo 1783, askari walirudishwa makwao wakiwa na vyeti vilivyosema watalipwa siku moja. Mwenye njaa hangojei siku moja. Wengi waliviuza vyeti hivyo kwa bei ya kutupa. Serikali mpya ilipoamua mnamo 1790 kuyalipa madeni yake, waliofaidika zaidi ni walanguzi waliovikusanya.

Joseph Plumb Martin wa Connecticut ni mfano mzuri. Aliingia jeshini mnamo 1776 akiwa na umri wa miaka 15 na akatumika karibu vita vyote. Baadaye alihamia Maine akalima kipande cha ardhi, lakini ardhi hiyo ilidaiwa kuwa mali ya Henry Knox, aliyewahi kuwa jenerali wa mizinga katika jeshi hilo hilo, na Martin hakuweza kuilipia. Alipoomba pensheni ya wakongwe maskini mnamo 1818, alieleza kwamba hana ardhi wala mali ya maana. Kumbukumbu alizozichapisha mnamo 1830 zinasomwa hadi leo kama ushuhuda wa askari wa kawaida.

Wakongwe weusi wa Rhode Island walikuwa na uhuru wao, lakini sheria ya jimbo ya 1784 ya kukomesha utumwa ilikuwa ya mwendo wa kobe: iliwagusa watoto waliozaliwa kuanzia Machi mwaka huo, huku waliokuwa watumwa tayari wakibaki walivyo. Kisha mnamo 1792 bunge la taifa lilipitisha sheria ya mgambo iliyowataka raia wa kiume weupe wa umri wa kati ya miaka 18 na 45 kujiandikisha. Waliosimama imara mnamo 1778 hawakutajwa.

Mgambo aliyegoma kuvuka mto

Vita vya 1812 dhidi ya Uingereza vilionyesha tena mipaka ya kikosi cha nyumbani. Magavana wa Massachusetts na Connecticut walikataa kutoa wanamgambo wao kwa vita wasivyoviafiki. Mnamo Oktoba 13, 1812, sehemu ya jeshi la Marekani ilivuka mto Niagara kuingia Canada na kuteka mlima wa Queenston. Ilipohitaji msaada, wanamgambo wengi wa New York walibaki ukingoni wakisema kwamba sheria iliwataka kuitetea nchi yao, si kuvamia ya wengine. Wenzao waliotangulia walizidiwa, na mamia wakatekwa wao wakitazama.

Huko Bladensburg, Agosti 1814, wanamgambo walitimka na Waingereza wakauchoma mji mkuu wa Washington. Lakini Januari 8, 1815, huko New Orleans, mchanganyiko wa askari wa Tennessee, Kentucky na Louisiana uliwaangusha au kuwateka Waingereza zaidi ya 2,000. Miongoni mwa walinzi hao zilikuwemo batalioni mbili za watu weusi huru, ambao Jenerali Andrew Jackson aliwaahidi malipo na ekari 160 za ardhi sawa na askari weupe. Vita hivyo vinaonyesha kwamba tofauti kati ya mgambo aliyekimbia na aliyesimama haikuwa ya damu wala ya rangi. Ilitegemea mahali alipopigania, aliyemwongoza na kama aliamini alichoambiwa.

Somo hilo lilirudi mnamo 1863, katika vita vya wenyewe kwa wenyewe, wakati Massachusetts ilipoandikisha rejimenti yake ya 54 ya askari weusi. Waliahidiwa dola 13 kwa mwezi kama askari wengine, lakini serikali ikawapa 10 na kukata tatu za nguo. Jimbo lilijitolea kufidia pengo hilo. Walikataa, wakapigana zaidi ya mwaka mmoja bila kupokea hata senti, hadi bunge lilipokubali mnamo Juni 1864 kuwalipa sawa.

Tangu sheria ya 1903, vikosi vya majimbo vimefungamanishwa na jeshi la taifa, na serikali kuu ndiyo inayogharimia sehemu kubwa ya silaha na mazoezi yake. Gavana angali na mamlaka juu ya vikosi vya jimbo lake wakati wa amani, na askari wake angali akitia sahihi mkataba wenye muda na masharti. Wahenga walinena kuwa ahadi ni deni. Wavuvi wa Marblehead, masajenti wa Pennsylvania na watumwa wa Rhode Island walilijua hilo vyema, na wengi wao walikwenda kaburini wakiwa bado wanadai.